AMEUPATA WAPI?

Katika vijiji vyetu vya Fizi na Baraka, habari zikienea kwamba mwanamke fulani ana ukimwi, au sida kama wengi wetu tusemavyo, swali la kwanza si "Anakula nini?" wala "Watoto wake wana nani?" Swali la kwanza ni hili: "Ameupata wapi?" Huulizwa kisimani, huulizwa ufukoni wanapoanika ndagala, na, tusifichane, huulizwa hata katika mikutano ya shirika, rozari ikiisha. Leo twataka kulichungua swali hilo. Hatuna nia ya kuwakaripia wanaoliuliza. Twataka kujua kama ni swali la haki, na lafanya kazi gani mahali linapoulizwa.

Kwanza tukubali kwamba kuuliza ugonjwa umetoka wapi si dhambi kwa asili yake. Kipindupindu kikiingia Baraka, kama kilivyoingia mara nyingi, muuguzi humwuliza mgonjwa: umekunywa maji gani, ya ziwa, ya mto au ya bomba? Afanya vema. Auliza ili maji hayo yatiwe dawa na majirani wasiugue. Tena mgonjwa akisha kujibu, hatibiwi vizuri zaidi wala vibaya zaidi kwa ajili ya jibu lake. Aliyekunywa maji machafu kwa uvivu wa kuyachemsha hutibiwa sawa na mtoto mchanga. Lakini sisi tukiuliza habari za mwanamke mwenye ukimwi, mara nyingi twauliza kwa nia nyingine. Twataka kujua tumhurumie kiasi gani. Tukiambiwa kwamba mumewe alirudi na ugonjwa kutoka machimbo ya dhahabu ya Misisi, twasema "maskini!" na pengine twampelekea unga. Tukiambiwa kwamba alikuwa akitembea na askari, twanyamaza, na unga wabaki nyumbani kwetu.

Ni vema tujue pia kwamba ugonjwa wenyewe ni wa zamani kuliko tunavyodhani. Madaktari walianza kuuandika mwaka 1981 huko Marekani, na hapo wengi wakasema ni adhabu mpya kwa watu wa siku hizi. Lakini baadaye, katika damu iliyotolewa mwaka 1959 mjini Leopoldville, yaani Kinshasa ya leo, na kuhifadhiwa, walikuta vijidudu vyake. Wataalamu waliochunguza jinsi vijidudu hivyo vinavyobadilika mwaka hata mwaka walitangaza mwaka 2014 kwamba vilianza kuenea katika mji huohuo karibu na mwaka 1920. Basi, tufikiri kidogo. Wakati babu zetu walipokuwa wakisafiri kwa reli na kwa meli za mtoni, ugonjwa ulisafiri pamoja nao, na hakuna aliyejua hata jina lake. Asemaye kwamba Mwenyezi Mungu aliutuma uwe onyo kwa wazinzi wa leo hana budi kutueleza ni onyo gani hilo lililoua watu miaka sitini bila mtu yeyote kulisikia.

Hata hivyo wengi hawasemi tena neno la adhabu. Wamekuwa wapole zaidi, nao hugawanya: wapo wagonjwa wasio na kosa, na wapo wengine. Wasio na kosa ni watoto, ni wake waaminifu, ni wanawake waliobakwa katika vita. Hao twawaombea kwa sauti. Mgawanyo huu waonekana kuwa wa Kikristu kabisa, na hapo ndipo twataka kukaa kitambo, maana kwa maoni yetu umeleta madhara makubwa kuliko ukali wa zamani.

Tuwatazame wale waliobakwa. Siku ya kwanza ya Januari mwaka 2011, askari waliokuwa katika mji wa Fizi waliwashambulia wenyeji kulipiza kisasi cha mwenzao aliyeuawa. Waliwabaka wanawake wengi na kupora nyumba. Mwezi uliofuata mahakama ya kijeshi ilikuja kukaa Baraka, na wanawake 49 walitoa ushahidi. Tarehe 21 Februari 2011 kiongozi wa askari hao, Luteni Kanali Kibibi Mutware, alihukumiwa kifungo cha miaka 20 kwa makosa dhidi ya ubinadamu. Jambo hilo lilisikika duniani pote, kwa kuwa ni mara chache katika nchi yetu afisa wa cheo hicho kuhukumiwa kwa kosa la namna hiyo. Wanawake wale walifanya kazi kubwa, nasi twawaheshimu.

Lakini kuna tofauti kati ya kusema mbele ya hakimu na kusema mbele ya majirani. Hakimu ana haja ya kujua, maana asipojua, mwovu huenda huru. Jirani mwenye kibaba cha unga ana haja gani? Tukiweka sheria kwamba msaada ni kwa wasio na kosa, basi mwanamke aliyebakwa hana budi kulisimulia jambo lile tena, mbele ya kamati, mbele ya shemeji, mbele ya mama mkwe, ili apate kuhesabiwa miongoni mwa wanaostahili. Naye asiyeweza kulisema, na walio wengi hawawezi, ataonekana sawa na mzinzi. Kunyamaza kwake kutakuwa ushahidi juu yake. Hivyo huruma yetu ya kuchagua yawatesa hasa wale tuliotaka kuwahurumia. Tena kuna dawa ambayo, mtu aliyebakwa akiianza kabla ya saa 72 kupita, na kuimeza siku 28, huweza kumkinga asipate ukimwi. Saa 72 ni siku tatu. Mwanamke anayejua kwamba neno la kwanza atakaloulizwa ni "Ilikuwaje, ulikuwa unapita wapi usiku?" atazimaliza siku tatu hizo akilia ndani ya nyumba.

Tuje sasa kwa watoto, ambao kila mtu akubali kwamba hawana kosa. Husemwa: tuwasaidie watoto, mama zao ni shauri lao. Ndugu msomaji, jambo hilo haliwezekani, na sababu yake ni mwili wenyewe jinsi Mungu alivyouumba. Kwa mama 100 wenye ukimwi wasiopata dawa yoyote, watoto kati ya 15 na 45 huambukizwa: tumboni, wakati wa kuzaliwa, au kwa maziwa. Mama akimeza dawa zake kila siku, na mtoto akipewa maji yake ya dawa tangu kuzaliwa kwa muda wa majuma sita au zaidi, hesabu hiyo hushuka chini ya watoto 5 katika 100. Na wale wanaoambukizwa wasipotibiwa, karibu nusu yao hufa kabla ya kutimiza miaka miwili. Basi, nani atamwokoa mtoto? Ni mkono wa mama yake. Vidonge vyapita kinywani mwa mama ndipo vimfae mtoto tumboni. Mama ndiye ambebaye mgongoni kwenda kupimwa katika juma la sita, ndiye amrudishaye kupimwa tena mpaka amwachishe ziwa. Hatuna njia nyingine ya kumfikia mtoto asiye na kosa isipokuwa kwa njia ya mama huyo, awe ametenda lolote alilotenda. Ukimfukuza mama katika foleni kwa macho yako tu, umemfukuza mtoto.

Tuchukue mfano mdogo, ambao wauguzi wa vituo vyetu wanaujua vizuri. Mama mwenye ukimwi hufundishwa ampe mtoto maziwa yake mwenyewe tu kwa miezi sita ya kwanza, bila maji, bila uji, huku akimeza dawa bila kukosa. Maana kuchanganya maziwa na vyakula vingine mapema hudhuru tumbo la mtoto na kuufungulia ugonjwa njia. Ni amri nyepesi kusikia. Lakini tuingie nyumbani. Bibi wa mtoto amekaa jikoni, amelea watoto kumi kwa uji wa muhogo tangu mwezi wa pili, naye asema, "Mtoto analia, mpe uji." Mke kijana atajibu nini? Akisema hapana, ataulizwa sababu. Akitaja sababu, ataulizwa ameupata wapi. Basi hunyamaza, naye bibi, kwa upendo mkubwa, huchukua kijiko. Vidonge vyenyewe vimefichwa ndani ya unga au chini ya nguo, na siku nyumba ikijaa wageni havimezwi. Watu wakisha kujua, hutikisa kichwa na kusema kwamba mficha maradhi kifo humuumbua. Methali hiyo ni ya kweli. Lakini haisemi ni nani aliyemfundisha mgonjwa kuficha.

Hapa twajua wasomaji wengine watatupinga, tena kwa nia njema. Watasema: mkifundisha hivi, amri ya sita itabaki na nguvu gani? Vijana watasikia kwamba Kanisa halijali tena. Hatudharau hoja hiyo; nasi tu waalimu wa dini, na amri ya Mungu hatuna ruhusa ya kuipunguza. Lakini mahali pa kuuliza dhambi pamekwisha kuwekwa. Ni kiti cha maungamo, na anayeulizwa hapo amekuja kwa mapenzi yake, na anayeuliza amefungwa na siri mpaka kufa. Sisi wa Baraka twapaswa kulijua jambo hilo kuliko wengine. Tarehe 28 Novemba 1964, siku wauaji walipofika misioni, Padre Luigi Carrara alikuwa akisikiliza maungamo ya Wakristu. Aliuawa siku hiyo pamoja na Bruda Vittorio Faccin, na huko Fizi wakauawa Padre Giovanni Didonè na Abbé Albert Joubert. Wote wanne walitangazwa wenye heri mjini Uvira tarehe 18 Agosti 2024. Benchi la kituo cha afya si kiti cha maungamo, wala kisima si kiti cha maungamo. Tukichukua kazi ya padre bila upadre wake na bila siri yake, twabaki na nini? Na masengenyo.

Mtakatifu Tomaso wa Akwino, anapofundisha juu ya matendo mema, auliza kama tuwasaidie hata wakosefu. Hujibu kwamba kwa upande wa dhambi tusimsaidie mtu, asije akaendelea nayo. Bali kwa upande wa maumbile yake, yaani mwili na uhai aliopewa na Mungu, hatuna budi kumsaidia. Basi, kidonge cha kumzuia mama asife, na mtoto asizaliwe na ugonjwa, ni msaada kwa dhambi au kwa uhai? Na Bwana wetu mwenyewe, wanafunzi walipomwonyesha kipofu na kutaka kujua ni nani aliyekosa, yeye au wazazi wake, alikataa swali lenyewe. Hakuchagua jibu moja kati ya yale mawili waliyompa. Alishika udongo akaanza kumponya.

Lipo jambo gumu kuliko yote, nasi hatutaki kulipita mbio. Je, mke aliyejua kwamba ana ukimwi, na akamficha mumewe, anatenda dhambi? Wengine hujibu upesi kwamba anasema uongo. Lakini tangu zamani Kanisa latenganisha kusema uongo na kunyamaza. Mtu hana wajibu wa kumwambia kila mtu kila jambo lake. Majirani, wanashirika na hata mwalimu wa dini hawana haki ya kudai habari hiyo. Sheria ya nchi yetu ya tarehe 14 Julai 2008 yalinda siri ya mgonjwa wa ukimwi, hata muuguzi hawezi kuitoa bila ridhaa yake. Mume ni mwingine. Yeye ni mwili mmoja na mkewe, tena uhai wake mwenyewe umo hatarini, naye apaswa kupimwa na kutibiwa. Kwa hiyo twasema bila kuficha: ana haki ya kujua.

Lakini tukishasema hivyo tusikimbie. Maana haki ya kujua si haki ya kufukuza. Siku ya ndoa aliahidi mbele ya altare kwamba ugonjwa hautamtenga na mkewe. Hakuweka orodha ya magonjwa. Na hebu tutazame mambo yanavyokwenda. Mke hupimwa kwanza. Kwa nini? Kwa sababu alipata mimba, akaenda kliniki, na huko akina mama wote hupimwa. Mume hana mimba, hana kliniki. Yuko ziwani na nyavu, au yuko machimboni, au yuko nyumbani lakini ataka kuambiwa tu, hataki kuchomwa sindano. Basi aliyepimwa kwanza huitwa aliyeuleta. Wazee wa ukoo hukusanyika, na mwanamke aliyetii, aliyekwenda kliniki kwa ajili ya mtoto wao, hufungiwa virago vyake arudi kwao. Kama kupimwa kwanza ndiko ushahidi wa dhambi, basi njia ya kuonekana mwema ni kutokwenda hospitali kabisa! Na wapo wanaume walioifahamu vizuri akili hiyo.

Kwa hiyo mke ana wajibu wa kusema, nasi tuna wajibu wa kuhakikisha kwamba kusema hakutamgharimu paa lake. Wajibu wake hauwezi kusimama peke yake hewani. Jambo lenye busara ni mume na mke waitwe pamoja na muuguzi, wapimwe pamoja, waambiwe pamoja. Na pale palipo na hofu ya kipigo, mtu asimsukume mwanamke kusema siku hiyohiyo. Aendelee na dawa zake. Mgonjwa anayemeza dawa vizuri mpaka vijidudu visionekane tena katika kipimo cha damu hamwambukizi mwenzake wa ndoa. Kwa hiyo hata siku zile ambazo bado anatafuta ujasiri wa kusema, kidonge chake kinamlinda mumewe. Mumewe naye aambiwe jambo hilo, kwa kuwa wanaume wengi hufukuza kwa hofu, wakidhani nyumba imekwisha. Haijaisha. Watu wenye ukimwi wanaishi miaka mingi, wanalima, wanazaa watoto wazima.

Juu ya kumwambia mtoto aliyezaliwa nao hatutasema mengi. Yatima wengi kwetu hulelewa na bibi zao, na bibi humwambia mjukuu kwamba dawa ni za kifua. Afika miaka kumi au kumi na miwili, anaona kifua hakimwumi, anatupa vidonge mtoni. Ni heri aambiwe kidogo kidogo, kadiri ya akili yake, na mtu anayempenda, kabla hajatukanwa nao shuleni.

Tumeandika haya wakati ambapo msaada wa mbali hautegemeki kama zamani. Kwa miaka mingi Madaktari Wasio na Mipaka walikuwa nguzo ya hospitali ya Baraka. Baada ya watu wao kushambuliwa kwa silaha mwishoni mwa mwaka 2020, walilazimika kuacha sehemu kubwa ya kazi hiyo. Tarehe 20 Januari 2025 serikali ya Marekani ilisimamisha misaada yake ya nje, ambayo nchi nyingi za Afrika zilikuwa zikiitegemea kwa dawa za ukimwi. Mwezi uliofuata vita viliingia Bukavu, mji mkuu wa jimbo letu la Kivu ya Kusini. Parokia haiwezi kutengeneza dawa, wala kudai inaweza ni kujidanganya. Kudai dawa zifike ni haki ya raia, na viongozi wetu waulizwe juu ya hilo bila woga. Lakini mama anayetembea kutoka milimani kufuata vidonge vya miezi mitatu huhitaji mahali pa kulala Baraka usiku mmoja, na mtu wa kuwapikia bugali watoto aliowaacha. Hayo hayatoki Marekani.

Kwa hiyo tuna ombi moja kwa kamati za msaada. Tumeona madaftari ambamo, baada ya jina la mama na hesabu ya watoto, huchorwa safu iitwayo "sababu", nayo hujazwa maneno kama "mjane", "alibakwa", "sida ya mume", au huachwa wazi kwa wale ambao kamati haikuridhika nao. Safu hiyo ifutwe. Iandikwe anachohitaji: unga, sabuni, nauli ya pikipiki mpaka hospitali, kalamu na daftari za shule. Mzee mmoja wa shirika alituuliza: na tukidanganywa? Itatokea, mara mojamoja, kwamba mtu asiye na shida atapata kipande cha sabuni. Hilo laweza kusahihishwa mwezi unaofuata kwa kumtembelea nyumbani kwake. Na daftari lenyewe likae kwa mtu mmoja anayejua kunyamaza, lisisomwe mbele ya watu Jumapili baada ya Misa.